Mwaka wa Magari Elfu Kumi

Via Provinciale 44,
Nonantola, Modena.
19 Januari 2025.

Mpendwa mdogo wangu Ivonne,

Pokea salamu za dada yako kutoka kwenye ukungu wetu, ambao wiki hii umeumeza hata mnara wa kanisa. Hujambo? Macho yanasemaje? Mwanao Graciela aliniambia kwamba la kushoto sasa linaona mwanga tu, na la kulia daktari amesema litaona hadi mwezi wa saba hivi. Neno hilo nimetembea nalo tangu siku ile. Sisi tu wazima, ila magoti ya shemeji yako Ermete yanalalamikia baridi.

Najua Graciela ndiye anayekusomea. Graciela mwanangu, usiruke neno, hata likikuudhi. Ningepiga simu, lakini kwenye simu ningelia tu nisiseme kitu.

Krismasi tulikuwa wawili. Kwa mazoea nilikunja tortellini mia tatu, vile vifuko vyetu vya unga vyenye nyama, tukala sahani mbili. Zilizobaki zimejaa kwenye friza.

Sasa nije kwenye lililonikalisha kuandika. Unakumbuka kila Januari kiwanda cha Gualdi hutukusanya ukumbini kutusomea mauzo ya mwaka. Safari hii mkurugenzi, Bwana Malagoli, alipanda jukwaani na tai mpya, akasema kwamba kwa mara ya kwanza tangu mzee Gualdi afungue karakana yake, tumevuka magari elfu kumi: elfu kumi, mia mbili na kumi na mawili. Theluthi yamekwenda Marekani, Wajerumani wakafuata, China ikashuka kidogo, Waarabu wakaziba pengo. Zaidi ya nusu ni lile gari refu la kubebea familia, ambalo mafundi wa zamani walilicheka lilipotoka. Na oda zimejaa hadi mwisho wa mwaka 2026.

Nilipiga makofi kuliko wote. Barua yangu ya kustaafu ilikuwa imeshafika ofisini, mwisho wangu ulikuwa Februari, na moyoni nilikuwa nimeshapanda ndege kuvuka bahari kuja kwako Rosario kukaa nawe.

Ndipo akaniita jukwaani. Akaeleza kwamba wateja wanataka viti vya mshono wa mkono, ule wa msalaba, ambao kiwandani tunaujua wawili tu, mimi na Iolanda Prandi. Mafundi wapya waliletwa mara mbili kujifunza, mara mbili wakaacha. Akaniwekea mkono begani, akasema kwenye kipaza sauti:

"Bi Nives amekubali kubaki nasi miaka miwili zaidi."

Ukumbi mzima ukasimama. Ivonne, mimi sikuwa nimekubali kitu. Nilifungua mdomo, nikawatazama wale watu ninaowajua mmoja mmoja, nikatabasamu. Nikashuka na maua mkononi kama marehemu anayejibebea shada lake. Tangu siku hiyo mwokaji mikate ananipongeza, padri ananipongeza, na kila pongezi ni msumari mwingine mlangoni.

Jumapili mezani nikamuuliza Ermete kama alijua. Hakuinua uso. Aliendelea kukata jibini vipande vidogo kuliko anavyokula. Kumbe mwezi uliopita Malagoli alimkuta baa, akamuuliza kama ninaweza kubadili nia, naye akajibu kwamba nitabaki, ila naona haya kusema.

"Kwa nini, Ermete?"

"Kwa sababu ukienda kule hutarudi," akasema. "Na mimi ndege siiwezi, unajua. Nitabaki hapa na nani?"

Nilitaka kumkasirikia sawasawa, nikashindwa. Miaka thelathini na minane ya ndoa hajawahi kusema kwamba ananihitaji, akaja kuchagua siku hiyo.

Jumatatu nikaondoka nyumbani nimekata shauri kwenda kukanusha. Iolanda akanizuia mlangoni mwa karakana. Hili sijamwambia mtu: mikono yake inatetemeka tangu mwaka juzi. Nusu ya viti vyake navishona mimi wenzetu wakiwa wanakula. Naye bado miaka miwili astaafu.

"Ukitoka wewe, na mimi nimetoka," aliniambia. "Sikulaumu, shoga yangu. Nakuambia usije ukasema hukujua."

Basi nikaingia ofisini, na sikukanusha. Mkataba ulikuwa mezani umeshachapwa, kalamu juu yake. Nikasema nitatia sahihi, ila nataka siku kumi na nane mwezi wa Aprili. Malagoli akacheka kwa upole. Akanieleza kwamba Aprili ndipo magari mengi hutoka, kwamba rekodi ya mwaka jana lazima ivukwe, kwamba Agosti kiwanda kikifungwa nitapumzika nipendavyo.

Nikaiweka kalamu chini.

"Agosti mdogo wangu hatakuwa na macho ya kunionea," nikamwambia. "Mwaka huu uzeni magari mengi kadiri mtakavyo. Hizo siku kumi na nane ni zake."

Alitazama mikono yangu, si uso wangu. Kisha akaandika pembeni kwa kalamu yake, akatia sahihi, nami nikatia.

Kwa hiyo usinitayarishie kile chumba. Nilikuahidi maisha, nakuletea siku kumi na nane. Nisamehe. Nimemtafuta aliyenifunga ili nimchukie, na kila nikigeuka namkuta mtu ninayempenda. Ermete mwenyewe alinisindikiza kukata tiketi. Aliuliza tarehe ya kurudi mara mbili.

Msalimie Hernán, mume wa Graciela, na jirani yako Bi Edelmira. Iolanda anakusalimu, hajui nimekuandikia habari zake, naomba ziishie kwako. Mungu akutunzie mwanga uliobaki, asipunguze hata chembe mpaka nifike.

Nitatua tarehe kumi na moja Aprili. Usipike, usifagie. Tutoe viti viwili uani saa ya jua kali, nikae mbele yako, unitazame. Nitanyamaza. Wewe tazama mpaka ushibe.

Wako akupendaye,
dada yako,
Nives