Ukuta Wenye Jina la Tanga

Jumatatu, 8 Septemba

Baba kaamka kabla yangu tena. Kapiga pasi shati lake, kisha kapiga pasi na vitambaa vya jikoni ambavyo hakuna aliyemwomba. Wiki ya tatu hii tangu aje kwangu London. Waliosema mgeni siku ya tatu mpe jembe hawakumjua mwalimu mstaafu. Huyu jembe kalichukua mwenyewe siku ya kwanza, na sasa sijui vijiko vyangu viko wapi.

Tumepanda basi pamoja. Mimi nikashuka hospitalini, mapokezi yananisubiri. Yeye kaendelea hadi mwisho wa njia, kisha atarudi na basi lilelile. Huo anauita utafiti. Anamsalimia kila anayepanda. Wiki ya kwanza niliona aibu. Sasa kuna mama wa Kihindi, mzaliwa wa Mombasa, anayemwekea kiti.

Jioni kajifungia chumbani kwa Tuma kurekodi ripoti yake. Tuma, mwanangu wa miaka kumi na mitano, analala sebuleni ili babu yake apate kitanda, na ananuna kwa ustaarabu. Wanafunzi wa zamani wa Baba wana kundi la WhatsApp, nami nimo. Watu wazima wenye mvi, wanasubiri sauti yake kila siku kama wako bado Kidato cha Pili. Sauti inapenya ukuta. Hajajifunza kuipunguza.

Jumatano, 10 Septemba

Mvua. Miguu inauma.

Baba alifundisha historia ya Ulaya miaka yote, Korogwe, bila kukanyaga Ulaya. Aliichora ramani yake ukutani mwa darasa kwa rangi ya mafuta. Mto Thames aliupaka kwa bluu iliyobaki baada ya kupaka milango ya zahanati. Akifika kwa wasafiri wa Kizungu waliokuja kwetu na kurudi kwao kuandika vitabu, alitupa maswali mawili. Alilala kwa nani? Alikula kwa nani? Msafiri humsifu aliyemlisha na kumtukana aliyemnyima. Ukijua alikula chungu gani, umejua kitabu kimeandikwaje. Nami nilikaa darasa lile. Nilichapwa kuliko wenzangu, maana binti wa mwalimu hana ruhusa ya kusahau.

Sasa msafiri ni yeye, na wanaoandikwa ni Waingereza. Amewaambia wanafunzi kwamba huku majemadari hupandishwa juu ya farasi wa shaba na kusahauliwa hukohuko juu, njiwa wawafanye watakavyo. Kwamba watu hawasukumani kwenye foleni lakini wanasukumana kwa macho. Nilicheka peke yangu jikoni.

Ila kilichomleta hasa ni ukuta. Babu yangu, baba yake, alikata mkonge maisha yake yote. Marobota yaliteremshwa bandarini Tanga, yakapakiwa meli za London. Baba alipokuwa mdogo aliambiwa kwamba kando ya mto Thames kuna ghala ambalo ukutani pake pameandikwa TANGA, kila herufi urefu wa mtu. Habari hiyo aliifanya somo. Kila mwaka aliwaambia watoto: historia ya Ulaya ina mlango wa uani, na jina letu limeandikwa pale. Mwanafunzi wake mmoja sasa ndiye mkuu wa shule ile. Anaipaka upya ramani, na pembeni ya London ameacha nafasi ya kuchora ukuta huo. Anasubiri picha kutoka kwa Mwalimu.

Jumamosi, 13 Septemba

Nimekataa shifti ya leo ili twende.

Maghala yapo. Mengi. Yote ni nyumba za matajiri, na chini yake wanauza kahawa kwa bei ya kuku. Baba kavaa suti. Kapita ukuta hadi ukuta, mkono mmoja ukigusa matofali. Kuna majina, yamefifia, ya watu na ya kampuni. La Tanga hakuna. Tumerudia upande wa pili wa mto. Hakuna.

Tulimkuta mlinzi mlangoni pa ghorofa moja, Mkongo. Aliposikia Kiswahili akasimama wima kwa heshima. Baba akamweleza taratibu, na urefu wa herufi akauonyesha kwa mkono. Yule kijana akatikisa kichwa, na niliona kuwa inamuuma kusema.

"Mzee, hiyo jina haiko huku. Miye nazunguka hizi ukuta kila siku."

Baba akamshukuru, akamuuliza habari za wazazi wake. Kwenye treni alitazama dirishani mpaka Wembley, kituo chetu.

Jumapili, 14 Septemba

Hakuna ripoti leo. Hajapiga pasi chochote.

Jumanne, 16 Septemba

Mkuu wa shule kaandika tena. Fundi wa rangi yuko tayari, vipi picha? Wengine nao wanauliza kama Mwalimu anaumwa. Simu inaita juu ya meza, Baba anaitazama tu, chai inapoa.

Nimefanya upumbavu. Nimetoka kazini nimechoka, nikamwambia tukapige picha ukuta wowote mkongwe, kwa mbali, aseme herufi zilifutika. Nani wa Korogwe atakuja kukagua? Nilidhani namsaidia. Aliweka kikombe chini polepole, kama alivyokuwa akiweka chaki kabla ya kuchukua fimbo.

"Nimewafundisha watoto wa watu kuwakamata wasafiri waongo. Wewe unataka uzeeni nihamie kwao."

Nikasema anateseka bure kwa ajili ya rangi. Akasema si rangi. Ni kwamba amesimama mbele ya watoto mwaka baada ya mwaka akaapa kwa kitu ambacho hakukiona. Kaenda kulala jua halijazama. Nilimkasirikia, halafu nikajikasirikia. Mimi nazungumza na wagonjwa siku nzima kwa upole kisha namalizia ukali wangu nyumbani.

Tuma alikuwa kwenye sofa na vitu vyake masikioni. Kumbe havikuwa vinapiga chochote.

Alhamisi, 18 Septemba

Niandike hii kabla sijasahau ilivyokwenda.

Tumekula ugali na bamia. Baba kala kidogo. Tuma akaanza kumhoji kwa Kiingereza, kama kawaida yake. Nani alimwambia habari za ukuta? Baba akajibu kwa Kiswahili, kama kawaida yake: baba yake. Na yeye aliambiwa na nani? Mpishi wa melini, mtu wa Pangani, aliyekuwa akienda kwa ndugu zake bara akapita kwenye kambi yao ya wakata mkonge. Baba alikuwa na miaka saba. Anakumbuka kofia ya yule mtu.

Tuma akasukuma sahani yake pembeni. Naona midomo yake ikipanga maneno. Kisha akasema kwa Kiswahili, tena cha lafudhi ya Korogwe, kile anachokisikia kila jioni kikipita ukutani:

"Babu, huyo mtu alilala kwa nani?"

Tonge la Baba likabaki hewani.

Alilala kwao. Usiku tatu. Alikula kwao, na kuku wa pekee alichinjwa kwa ajili yake. Baba alimlilia yule kuku. Mama yake alimpa mgeni paja. Na mgeni akatazama nyumba ile ya udongo, na mwenye nyumba mwenye mikono iliyochanwa na mkonge, asiye na kitu ila ukarimu. Naye mgeni hana fedha. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Alimponyaje? Akamwambia kuwa jina la kwao limeandikwa London, kila herufi urefu wa mtu.

Baba alicheka mpaka akakohoa. Nikampigapiga mgongoni. Alipomaliza macho yalikuwa na maji, na hayakuwa ya kicheko tu. Akasema baba yake alikufa akiamini ukuta ule, na alikufa akiwa na raha nao. Akasema ameyauliza maswali yale kuhusu kila Mzungu aliyepita Afrika, na hakuwahi kuyauliza kuhusu mtu mmoja aliyekula kuku wao.

Akamwomba Tuma amletee simu.

Ijumaa, 19 Septemba

Karekodi jana usiku, dakika kumi nzima. Amewaambia yote: mpishi, kuku, kofia, mlinzi wa Kongo. Amewaambia mwalimu wao alikosea na aliyemsahihisha ni mjukuu. Tuma kajifanya hasikii. Shingo imemnyooka.

Asubuhi yote nilisubiri kundi lijibu. Nilikuwa mapokezini nachungulia simu chini ya kaunta kama mwizi. Mchana mkuu wa shule akaandika. Alisema asante Mwalimu, shikamoo. Akauliza ile nafasi pembeni ya London apake nini.

Baba akamjibu: chora kuku.

Jumapili, 21 Septemba

Tumemsindikiza uwanja wa ndege. Suti ileile. Mlangoni alimshika Tuma kichwa kwa mikono miwili, akasema kitu ambacho sikusikia na sitauliza. Mimi alinikumbusha kufunga gesi. Niliomba radhi kwa ile habari ya picha. Akasema haikumbuki. Anaikumbuka sana.

Nyumba imekuwa kubwa. Nimevipata vijiko, vilikuwa kwenye droo ya taulo. Tuma amerudi chumbani kwake na hajabadilisha shuka.

Ameniwekea sauti ya mwisho aliyoituma Baba kwenye kundi. Ameirekodi akisubiri ndege, matangazo yanasikika nyuma yake. Nimeisikiliza nikiosha vyombo, nikairudia.

"Wanafunzi wangu, ripoti inaishia hapa. Nililala kwa binti yangu. Nilikula kwake. Kwa hiyo mazuri yote nitakayowaambia kuhusu London, msiyaamini."

Kesho nina shifti ya asubuhi. Shati la kazi sijalipiga pasi.