Waya Tuliouanikia Nguo

Kaka yangu Masudi,

Asalaam aleikum. Miguu ya mama bado inamsumbua? Wifi kajifungua salama? Hayo unijibu hata kama barua hii itakukata maneno. Ningesema na mimi sijambo, lakini tangu utotoni hujawahi kunikubalia uongo.

Shemeji yako Ramadhani hatunaye tena. Tumemzika Ijumaa. Sikupiga simu kwa sababu jambo hili haliwezi kusemwa kwenye simu ya mama mkwe wangu aliye peke yake ndani. Linataka mtu wa kwenda kukaa naye mkekani. Mtu huyo ni wewe, nawe simu yako haipatikani. Tena uwahi, maana kuna kijana wa kwetu huku ameisambaza picha ya maiti na kuandika "mwizi wa nyaya". Ikimfikia mama mkwe kabla yako, atakuwa amefiwa mara mbili.

Unaikumbuka treni ya umeme niliyokusimulia, ile ya Pretoria inayopitia Germiston? Ni reli ya zamani. Wazee wa hapa walipanda mabehewa yao, Wazungu wakiwa na yao. Sisi tulipofika, behewa la tatu lilikuwa kanisa: akina mama wanaimba na kugonga kuta kama ngoma hadi tufike kazini. Ramadhani na kofia yake ya kiislamu alisimama mlangoni kuwazuia wavuta sigara, wakamwita mlinzi wa kanisa. Alijisikia kweli kweli! Na behewa lilikuwa na sheria yake: usipoonekana siku mbili, mtu anakuja kukubishia hodi.

Kisha ikaja korona. Treni zikasimama, walinzi wakaondoka. Wezi walianza na nyaya za shaba, wakaja kwenye mabati ya stesheni, milango, mpaka vyoo. Kazi nazo zikapotea, tukahamia kibanda kando ya reli ile ile, pamoja na wengine wengi. Tulikuwa tukipikia katikati ya mataruma. Ramadhani alivuta waya kutoka kwetu hadi nguzo ya reli, akaufunga juu ili nguo zisipate vumbi, na miaka yote hiyo nimeanika hapo.

Mwaka huu mafundi walirudi wakatundika nyaya mpya. Siku moja wakapita na kipaza sauti: kila mtu aondoe vitu vyake, na tangu siku hiyo waya wa juu uhesabiwe una umeme. Nilimwambia Ramadhani waya wetu awaachie mafundi waufungue. Akanicheka.

"Mke wangu, nguzo hii tumeishi nayo kama ndugu. Treni ikija isikute soksi zangu."

Alifurahi, kaka. Hakuna aliyeingoja treni ile kama yeye. Nikaingia ndani kuchukua ndoo, nikasikia mlio kama bati linapasuka. Alipopanda nguzo kuufungua waya wetu, ncha iliruka ikagusa ule wa juu.

Walinzi walimkuta mgeni, waya mkononi, chini ya nguzo. Hawakuuliza zaidi. Jirani yangu, ambaye tumeombana chumvi miaka yote, akasema, "Eish, ndio hawa hawa waliotumalizia treni." Nilitamani ardhi inimeze. Aliyemtetea ni Mama Furaha peke yake, Mkongo aliyekuwa akiongoza nyimbo behewani. Alisikia, akaja kubisha hodi kama sheria ilivyotaka, akasimama mbele ya watu.

"Huyu haikuwa mwizi! Nilimujua mu train, miaka mingi. Waya ya nguo ndiyo alikuwa anatosha!"

Kwao kutosha ni kuondoa. Watu wakatawanyika wakiguna. Hata Mayfair, msikitini, wako waliomsalia na wako waliokaa pembeni wakinong'ona.

Jana treni ya kwanza imepita. Watu wote wa mabanda walitoka na vigelegele. Mimi niko eda, nilikuwa ndani. Ukuta ukatetemeka, na kabla sijajijua nikaugonga kwa kiganja, kama tulivyokuwa tukigonga behewani. Nikaendelea kugonga na kulia mpaka sauti ya treni ikapotea.

Msalimie mama, na wifi, na yule fundi cherehani aliyemshonea Ramadhani kanzu ya harusi. Mzee Shabani, anayekuja kwa basi na barua hii, atakupa mfuko. Ndani mna nguo zilizokuwa zimeanikwa siku ile. Tafadhali usizikunjue. Nilizikuta kwenye kiti mlangoni. Kabla ya kupanda nguzo alikuwa amezianua na kuzikunja pembe kwa pembe, kama alivyofundishwa na mama yake, aliyemlea kwa kazi ya udobi. Mwekee mapajani jinsi zilivyo. Mkunjo ule ataujua. Kama mwanawe alikuwa mwizi, basi aziulize hizo.

Mdogo wako,
Zuhura