Kofia Yenye Uso wa Mama

Chungmuro, Seoul
14 Agosti 1973

Mpendwa Shangazi Mal-sun,

Tangu jana masikioni mwangu mna mlio mmoja: ule wa filamu iliyokwisha, mkia wake ukipigapiga kwenye gurudumu hadi Baba anyanyuke kuzima mashine. Nimekua nao. U hali gani? Miguu bado inakuvimba baada ya zamu za hospitali huko Ujerumani? Umepata kabichi ya kutengenezea kimchi?

Sisi hatujambo, kwa kusema tu. Kaka yako hawezi tena kuketi bila kushikwa. Daktari haahidi kwamba atafika majira ya majani kupukutika.

Kazi yake unaijua: filamu thelathini na mbili, za mapenzi, za mizimu, za mapanga, za vita, na ile moja ya kuchekesha. Hata mlio wa kwato za farasi aliutoa mwenyewe kwa kugonga mabakuli ya mbao. Sasa anaomba moja tu, ile ya mizimu, ambamo Mama alipita na taa siku mwigizaji alipokosa kutokea. Ni humo tu Mama bado anatembea.

Nilikwenda kwa msambazaji wa filamu zake. Alicheka.

"Binti wa Mwongozaji Baek! Umechelewa miaka miwili. Tuliwauzia watengeneza kofia."

"Zote?"

"Zote. Baba yako sasa anawakinga wakulima jua. Si alitaka kupendwa na wengi?"

Ule utepe mweusi unaong'aa kwenye kofia za majani, Shangazi, ndio sinema zetu. Siku tatu nilizunguka soko la Namdaemun nikiinua kofia juani nione picha zilizomo kwenye utepe.

"Dada, unanunua au unatafuta chawa?" muuzaji mmoja aliniuliza.

Siku ya tatu nilimpata Mama, na taa yake. Picha thelathini. Hazijai hata sekunde mbili, na sindano ya mshonaji imemtoboa usoni karibu katika zote.

Tae-gyu, mdogo wangu, anakusalimu kutoka jeshini. Nisalimie Bi Hwa-ja unayeishi naye. Mababu wakulinde ugenini.

Baba nimemwambia ghala liliungua. Moto hauna dharau. Akauliza kama ziliwaka haraka. Nikasema ndiyo.

Utepe nimeufumua kwenye kofia, umo ndani ya bahasha hii. Hapa nyumbani angeuona. Usiurudishe.

Mimi binti wa kaka yako, nikupendaye,
Baek In-suk