Mlango Unaotazama Migomba

Kanazi,
Ngara.
9 Aprili 1979

Mpendwa Shangazi Zita,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute mzima huko Nyamigogo, wewe na mzee wa nyumbani kwako. Ule mguu je, umepoa? Sisi tunapumua. Mvua inanyesha vizuri na maharage yamekubali. Baba, kaka yako, anakula na kugomba kama kawaida yake. Ila mioyo yetu haijatulia, ndiyo maana nimeshika kalamu.

Kaka Audax bado yuko vitani. Tangu Kwaresima ianze hatujapata neno lake. Redio inasema majeshi yetu yanakaribia Kampala. Tunashangilia na majirani, kisha tunarudi ndani kila mtu na hofu yake.

Sasa jambo lenyewe. Unakumbuka kijiji kilivyopimwa, nyumba zikawekwa mistari miwili kuikabili barabara. Kiwanja alichopewa Audax kikaangukia upande wa pili, uso kwa uso na nyumba hii ninamoishi na baba. Mlango kwa mlango, Shangazi! Mke wa mtu akitoka kufagia asubuhi, wa kwanza kukutana naye macho ni baba mkwe ananawa uso. Sijui aliyepanga hivyo ana wakwe au hana. Audax alisimamisha miti kabla hajaitwa jeshini, na mlango akaupeleka nyuma, ukatazama migomba. Alipoondoka, wifi Deodata na mimi tukakandika udongo, tukaezeka. Kibali hatukuomba. Tulijua tutanyimwa.

Katibu wa kijiji, Bwana Luhende, akaja na amri. Nyumba imejengwa bila kibali na imeipa barabara mgongo, kwa hiyo mlango ufunguliwe mbele au nyumba ibomolewe. Si mtu mbaya, nisimsingizie. Alisema hata kwao Usukumani mkwe anaheshimiwa, lakini barabara ya kijiji haina mkwe, naye ana wakubwa wake wa kuwajibu. Deodata akakataa. Kwa upole wake ule unaoudhi akaniambia bora arudi Nyamigogo kwa mama yake kuliko kuvunjiana heshima na mzee kila kukicha. Na mimba yenyewe imekomaa! Audax akirudi akute nini, nikajiuliza.

Kesi ikaenda mahakama ya mwanzo. Hakimu ni kijana, mgeni kwetu. Akamwuliza Deodata nyumba inayotazamana na kiwanja chake ni ya nani. Akauliza tena. Wewe unajua, Shangazi, mke wa kwetu hatamki jina la baba mkwe hata akishikiwa panga. Akainamisha kichwa, akasema ni ya yule mzee. Mzee gani? Yule. Hakimu akaona anafanyiwa dharau. Nilipoinuka kueleza nikaambiwa nikae au nitolewe nje. Nilikaa kwa hasira. Uamuzi ukatoka kwamba mlango utazame barabara kabla ya Pasaka, la sivyo mgambo waliobaki kijijini wataibomoa nyumba.

Baba alikuwa benchi la nyuma, amesikia yote. Tulipofika nyumbani, Deodata akaanza kukunja nguo zake.

Juzi Jumamosi nikasikia jembe linagonga ukuta. Baba alikuwa anatoboa mlango nyuma ya nyumba yake mwenyewe. Alipomaliza akauziba ule wa mbele kwa matofali mabichi na udongo, na dirisha pia. Nilimfokea, Mungu anisamehe, nikamwuliza kama amerukwa na akili. Hata kugeuka hakugeuka.

"Mwambie mwenzako afungue mlango wake," alisema. "Mbele yake sasa ni ukuta."

Tukaufungua siku ileile. Deodata alichimba huku analia, na habari ya kurudi kwao haitaji tena. Kwa hiyo mama yake usimwambie lolote, tafadhali.

Leo asubuhi Bwana Luhende alipita kukagua. Nyumba ya Deodata ameikubali. Kisha akavuka barabara, akasimama mbele ya ukuta wa baba, akatikisa kichwa na kutoa kalamu. Ameandika jina la baba, Leonidas, kwamba amegeuza nyumba bila kibali. Baada ya Pasaka ataitwa mbele ya hakimu yuleyule, na baba ameapa kwamba mlango wa mbele hauzibui. Ukaidi wa kaka yako unaujua.

Njoo, Shangazi. Wewe ndiye uliyetutafutia Deodata na wewe peke yako ndiye baba anayemsikiliza. Naogopa. Wakiibomoa hii, mvua nayo ndiyo hii, mimi nitahamia ng'ambo kwa wifi. Lakini baba je? Paa litakalobaki kwetu ni lile moja aliloliokoa, na chini yake, kwa mke wa mwanawe, hawezi kuingia.

Nisalimie Koleta na Alfonce, na bibi yao. Deodata anakuamkia. Mungu akufungulie njia salama, na Audax amrudishe akiwa hai.

Ni mimi mwanao nikupendaye,

Rozalia