Hodi kwenye Chumba cha Hazina

Shikamoo Bibi,

Baridi ya Songea inauma, na leo adabu ulizonifunza nusura zininyime chakula. Jengo la zamani la benki hapa mjini, lenye nguzo nene na madirisha ya nondo, siku hizi ni mgahawa. Nilikuwa nimeagiza samaki mbasa kwa simu. Meza ziko kwenye chumba cha hazina, na mlango wake wa chuma ulikuwa umerudishiwa. Nikagonga, hodi! Kimya. Baada ya hodi ya tatu nikageuka niondoke. Mama mpishi akatoka mbio: "Mwanangu, nimeitikia karibu mpaka koo limekauka! Mbasa uliyemwagiza amepoa!"

Kugonga chuma kulisikika ndani, Bibi, lakini kuta zile hazipitishi sauti ya mtu. Zilijengwa kuzuia wezi. Lakini mwizi hapigi hodi; yeye angemla samaki wa moto.

Nakupenda hivyo hivyo.
Mjukuu wako, Nuru