Jembe la Kuondoa Kilio

Munigi, 3 Agosti 2025

Mama mpenzi,

Salamu nyingi kutoka huku. Mwili ni muzima. Mguu wako umepona?

Unauliza kama ninalala. Ninalala, ninakula nikipewa. Tangu bomu limchukue mume wangu Tuyisenge, hata kulia siwezi. Muuguzi ameniambia niache kushinda ndani, nikatazame maji na miti, kichwa kitapumzika. Nilikwenda Kituku, kando ya ziwa. Maji ni maji tu, mama. Nilirudi nikafunga mlango.

Binti yako, Umugwaneza

Kalengera, 17 Agosti

Mutoto wangu,

Nakusalimu kwa jina la Yesu. Mguu unatembea. Wewe ndiwe unayeninyima usingizi.

Muuguzi anasema kweli, lakini hakujui. Wewe si mutu wa kuketi na kutazama. Tangu utoto unatulia ukiwa na udongo mikononi. Mvua iko karibu. Njoo tupande maharagwe.

Mama yako

Munigi, 24 Agosti

Mama, habari za siku?

Kabichi ulizonitumia zimefika, Jean-Bosco wa lori ni mwaminifu. Lakini nitashikaje jembe? Mwenye kilio halimi mpaka ukoo ukutane na kukiondoa, wewe ndiwe ulinifundisha. Na kilio cha Tuyisenge hakuna aliyekiondoa. Tulimzika mbio mbio, barabara imefungwa, ukoo haukukutana. Mimi bado niko kwenye mkeka wa kilio. Mliniacha hapo.

Umugwaneza

Kalengera, 14 Septemba

Mutoto wangu,

Amani iwe kwako. Barua yako imenichoma, kwa kuwa ni kweli. Nimekwenda kwa shemeji yako Habarurema, ndugu ya marehemu. Jumamosi ukoo wa marehemu na wetu tunakutana hapa. Atakukabidhi jembe mbele ya wote, ndiyo kuondoa kilio, na sote tutalima nawe. Panda lori la Jean-Bosco. Njoo hata kama husikii kitu moyoni.

Mama yako

Munigi, 22 Septemba

Mama,

Nilifika salama jana. Msalimie shemeji, mwambie asante.

Pale shambani mlinitazama sana, mkingoja nilie. Mstari wa kwanza sikusikia kitu. Wa pili, vilevile. Mvua ikanyesha, udongo ukanukia, na bado hakuna. Niliendelea kwa kuwa nyinyi mliendelea. Siku ile sikutaka kukuambia.

Leo nimeamka viganja vina malengelenge, mikono inauma hadi mabegani. Inauma kweli kweli, mama. Nimetoka nje, nimeketi juani, nimevitazama viganja, nikalia mpaka jirani akaja.

Kupalilia ni lini?

Binti yako