Wimbo wa Mama kwa Nzi

Changamwe, 16 Juni 1947

Dada yangu Kafedha,

Pokea salamu za ndugu yako ambaye, tangu Jumamosi, hakuna picha ya sinema kutoka Changamwe hadi Magogoni iwezayo kusema bila idhini yake. U hali gani? Mguu umepoa? Wapwa zangu hawajambo? Mimi ni mzima, ila tumbo, nalo nitalifikia.

Lile lori la afya linalozungusha sinema bubu lilitaka mtu wa kuipigia muziki. Tulibaki wawili, mimi na kodiani langu, na Nzai wa kinanda cha kanisani. Atakayeshindwa arudi kubeba magunia bandarini. Ijumaa bwana wa lori alituonyesha picha mara moja tu, kila mtu akatunge vyake.

Dada, uchafu ule! Nzi mmoja juu ya shuka ya kuonyeshea picha, mkubwa kama nyati, nywele za miguu kama miiba ya nungu. Atoka chooni amelowa, atua kwenye uji wa mtoto, autemea, aulamba, autemea tena. Uji sijaugusa mpaka leo.

Nzai naye alinichefua zaidi. Nzi, choo, mtoto, vyote alivipigia wimbo uleule wa mazishi. Nikamwambia sinema si maiti. Akanijibu kwamba kodiani langu lakohoa kama mbuzi mgonjwa. Hajui kazi! Mimi kila aliyemo kwenye picha nimempa wimbo wake. Mama wa mtoto nilimpa ule wa kubembeleza aliotuimbia marehemu mama yetu. Nzi nikampa sauti nene za mkono wa kushoto, zianze kabla hajaonekana, mtu ajikune asijue kwa nini.

Jumamosi mchana madirisha ya shule yakazibwa kwa magunia, tupate giza la sinema. Watu mia tano, wallahi, na jasho lao. Nzai akatangulia na mazishi yake, kisha ikaja zamu yangu. Mama wa kwenye picha akatokea, nikabembeleza. Akachukua ndoo akaenda zake kisimani, nzi akaingia, nami bado nabembeleza, taratibu. Nzi akamtembelea mtoto midomoni kwa wimbo wa mama yetu! Wanawake wakapiga yowe. Nyamvula, muuza mahamri, akamziba mwanawe mdomo kwa kiganja, akisema bora nzi aje na ngurumo kuliko kuja kama mama. Bwana wa lori akatamka kwamba hata Nairobi hajasikia ufundi huo. Nzai akafunga kinanda. Kazi nikapewa mimi.

Kila aniulizaye humwambia nilikusudia, kwamba uchafu hauji na ngoma, huja ukibembeleza. Wananitazama kama mganga.

Lakini wewe ulinibeba mgongoni, sikufichi. Nzi huyo sikumwona akiingia. Nilikuwa nimefumba macho, kichefuchefu kimenikaba, nimeung'ang'ania wimbo ule nisije nikatapika mbele za watu. Nilidhani mama bado yupo.

Alhamisi twaenda Likoni kuonyesha minyoo. Nitumie ndimu za kunusa. Wasalimie wote hapo nyumbani, na wapwa zangu uwaambie mjomba wao aliona kila kitu.

Ni mimi nduguyo,
Absalom Mwarandu